Tazama Ushanga Kabla ya Macho

Ukimwonyesha mtu picha ya mama wa Kimaasai aliyejipamba, cha kwanza atakachosifia ni macho. "Macho yanaongea," atasema, na mazungumzo yataishia hapo. Mimi macho huyaacha mpaka mwisho. Macho yenye uhai si kazi kubwa kuyapata: mweke mtu kivulini, mgeuze uso upande wenye uwazi, na mboni zitang'aa tu, awe bibi harusi wa Magomeni au ajuza wa Ngorongoro. Kinachomuumbua mpigapicha ni shanga. Humo ndimo inamojulikana kama alielewa anachokitazama, au alinaswa na rangi akabonyeza.

Mwongozo huu ni wa anayenunua picha, anayekaa kwenye jopo la majaji wa mashindano, au anayetaka tu kujua kwa nini picha moja haimchoshi ilhali nyingine, yenye rangi kali kuliko hiyo, ameshaikinai kabla msumari wa ukutani haujashika kutu. Nitakaa zaidi kwa Wamaasai na Wasamburu. Pengine hakuna waliopigwa picha huku kwetu kuwashinda hao, na kwa sababu hiyo picha zao mbaya nazo zimejaa kila mahali. Pita kwenye korido za hoteli za watalii Arusha au Nairobi ujionee. Wamang'ati na Warendille nitawagusa pale watakaponisaidia kusema jambo.

Anza na masikio. Kwa Wamaasai sikio ni mahali pa kutangaza mambo: tundu la juu lina pambo lake, na ndewe iliyotanuliwa ina lake. Mwanamke aliyeolewa huning'iniza surutia, yaani koili bapa za shaba zinazoshuka kutoka masikioni. Msichana hana. Mwenyeji akiziona surutia ameshajua anaongea na nani na amwamkie vipi, kabla hata hajautazama uso. Sasa chukua picha uliyonayo. Masikio yote mawili yamo? Surutia zinaonekana zinavyoning'inia, au ukingo wa picha umezikata katikati? Mpigapicha aliyeusogelea uso mpaka masikio yakatoka nje, eti apate "hisia", amemvua yule mama heshima yake ya ndoa na kutuachia ngozi na kope.

Hapa kuna ugonjwa wa siku hizi ambao lazima niutaje kwa urefu, kwa kuwa majaji wengi wanaupa zawadi. Ni ule mtindo wa kufungua lenzi yote, f/1.4 au f/1.8, mboni na kope zikawa kali na kila kitu kingine kikageuka ukungu. Kwa picha ya kampeni ya manukato sina ugomvi. Kwa picha ya mtu aliyejipamba ni kasoro, na ni kasoro unayoweza kuipigia hesabu. Sikio liko nyuma ya jicho kwa takriban sentimita 10. Ukitumia lenzi ya milimita 85 kwenye kamera ya fremu kamili, mtu akiwa mita 2 mbele yako, f/1.4 inakupa ukali wa kina cha sentimita 5 hivi. Maana yake ukilenga jicho, surutia zimepotea. Funga lenzi hadi f/8, kina kinafika sentimita 25 hivi, na sikio, shanga za kipaji cha uso, na mkufu wa kwanza vyote vinaingia. Kwa hiyo ukikutana na picha ambayo mapambo yamekuwa madoa ya rangi yanayoelea nyuma ya uso mkali, jua mpigapicha aliamua kwamba mapambo si sehemu ya mtu. Huenda aliamua hivyo bila kujua, lakini aliamua.

Kosa la upande wa pili ni la simu. Simu nyingi zina lenzi pana, na mtu akitaka uso ujae kwenye kioo inabidi asogee karibu mno. Pua inavimba, masikio yanarudi nyuma, na mkufu wa duara ulio mbele unatanuka mpaka kichwa kinaonekana kimewekwa juu ya sinia. Wengi hawaoni hivyo wanapoitazama picha kwenye simu. Ichapishe ukubwa wa gazeti, itakuumbua.

Kaskazini mwa Kenya kuna mtihani mwingine wa namna hiyo. Mama wa Kirendille akijaliwa mtoto wa kwanza wa kiume, nywele zake hujengwa kwa udongo na mafuta zikawa kishungi kirefu kinachosimama juu ya kichwa. Wenyewe wanakiita doko. Kishungi hicho ukikitazama kwa mbele hulioni umbo lake, unaona mstari tu. Kinataka ubavu, au walau uso uliogeuzwa robo. Picha ya doko iliyopigwa kwa mbele, hata kama mwanga wake ni wa peponi, imetunyima habari kubwa kabisa aliyokuwa nayo mama huyo mwilini mwake. Wasamburu nao, mke wa mtu huvaa mporro, mkufu mzito uliosukwa kwa nyuzi za mkoma, zamani ukisukwa kwa nywele za mkia wa twiga, na kwa mbele una safu ya shanga nyekundu. Mporro una uzito, na uzito huo lazima uonekane: shingo inavyojikaza, mabega yanavyopokea, ngozi inavyokunjamana pale chini. Ukiona mikufu imekaa juu ya shingo utadhani imebandikwa, shuku mwanga wa mbele uliofuta vivuli, au shuku kwamba imevalishwa dakika ile ile.

Nikisema "imevalishwa" ninamaanisha jambo linalotokea kila siku. Mikufu ya biashara, ile inayopangwa kwenye vitambaa kando ya barabara na kwenye Maasai Market za Nairobi, huletwa ikarundikwa kwenye shingo ya msichana ili picha "ijae". Dalili zake si ngumu. Shanga zote ni mpya na za saizi moja. Mikufu miwili inafanana kila kitu. Wanawake watano waliosimama mstari wamevaa kazi ya mkono mmoja. Mwanamke mwenyewe ameshika shingo wima akiogopa kitu kitaanguka. Linganisha na picha moja ninayoipenda, ya mama wa makamo wa Kimaasai: mkufu wake wa chini umepindia kushoto kwa sababu ametoka kumshusha mtoto, kwenye ukingo wake uzi mmoja umekatika na shanga kadhaa hazipo, waya unachungulia, shanga za bluu za mkufu wa juu ni za vivuli viwili tofauti, maana alipoishiwa na zile za kwanza dukani hazikupatikana tena. Ule mkufu una historia. Ukiutazama unajua ni wake.

Dalili nyingine ni kazi isiyolingana na mavazi. Mapambo kamili ni ya sherehe: tohara, harusi, baraka za wazee. Mkufu mpana wa duara, ule unaoshonwa kwa waya, haukutengenezwa ukae kimya. Wanawake wakiimba na kusukuma mabega mbele, unapanda na kushuka, na vipande vya bati vilivyoning'inizwa ukingoni vinalia. Hakuna mama mwenye akili timamu anayevaa yote hayo kwenda kukata kuni. Kwa hiyo ile picha mashuhuri ya kalenda, mwanamke aliyejipamba kuanzia utosini hadi vikukuni, mzigo wa kuni mgongoni, jua linazama nyuma yake, ni maigizo. Sisemi maigizo ni haramu. Studio zote duniani zinaigiza. Nasema usiilipie bei ya ushahidi.

Maigizo mabaya zaidi ni yale ya kuondoa. Mmarekani Edward Curtis, aliyetumia miongo kadhaa kuwapiga picha Wahindi Wekundu na kuzitoa katika mabuku 20 kati ya 1907 na 1930, alikuwa fundi wa mwanga ambaye wengi wetu hatumfikii. Lakini katika picha yake ya mwaka 1910 hivi ya wanaume wawili wa Kipiegan ndani ya hema lao, saa ya mezani iliyokuwa kati yao ilifutwa kabla picha haijachapishwa. Saa haikumfaa. Alitaka watu wasiojua saa. Wapo wengi wa kwetu wanaofanya vivyo hivyo hadi leo: mama anaambiwa avue saa ya mkononi, aweke simu pembeni, asogee mbali na bodaboda. Halafu picha inaitwa ya asili.

Asili ipi? Shanga za kioo zenyewe zilikuja na misafara kutoka pwani, zikitoka Venice na baadaye Bohemia, na hadi leo zile zinazopendwa zaidi zinatoka Jamhuri ya Cheki. Joseph Thomson alipovuka Umaasaini mwaka 1883 na 1884 alilipa hongo kwa shanga na waya. Kabla ya shanga za kioo kuwa nyingi, waya wa chuma na wa shaba ndio uliotawala miili ya wanawake. Vipande vya ngozi vilivyokuwa vikishika safu za mkufu siku hizi mara nyingi ni plastiki iliyokatwa kwenye madumu. Na kuna jambo linalonifurahisha kama mtu wa kamera: zamani za filamu, vile vikopo vya plastiki vya kuhifadhia filamu vilikuwa vikiokotwa na kuvaliwa kwenye ndewe na Wamaasai. Mgeni alikuja kupiga picha ya watu wasioguswa na dunia, akaondoka akiwa amewaachia hereni. Picha yenye kikopo cha filamu sikioni ina thamani kwangu kuliko ishirini zilizosafishwa, na mfuko wa simu uliotiwa shanga, ukining'inia shingoni pamoja na mikufu mingine, nauhesabu kuwa pambo halali. Mpigapicha aliyeuacha pale alikuwa na jicho.

Twende kwenye mwanga, na hapa nakuomba uchukue kikuza, hata kile kidogo cha fundi saa. Tafuta ushanga mweupe ulio juani kabisa. Unaona tundu lake? Unaona uzi ukiingia ushanga hadi ushanga, na kivuli kidogo kati yao? Kama ndiyo, endelea. Kama shanga nyeupe zimeungana zikawa mstari wa chokaa usio na kitu ndani, picha imeungua, na hakuna uhariri utakaorudisha. Kisha hamia upande wa pili: ngozi iliyo chini ya kidevu, kwenye kivuli cha mkufu. Ina umbo? Unaona mfupa wa mtulinga? Au ni shimo jeusi? Mpigapicha wa watu waliojipamba anafanya kazi kati ya hivyo viwili, weupe wa kioo na weusi wa ngozi kivulini, na kamera haimsaidii hata kidogo. Kipimo cha mwanga cha kamera hutafuta wastani. Mkufu mpana mweupe ukijaa kwenye fremu, kamera inadhani pamewaka mno, inapunguza, na uso unazama gizani. Mlango wa nyumba ya boma ukiwa nyuma yake, mweusi tii, kamera inadhani ni usiku, inaongeza, na shanga zinaungua. Anayejua hupima ngozi yenyewe, kisha humsogeza mama hatua moja nyuma kwenye kivuli cha mgunga ili tofauti ipungue. Hatua moja tu. Ndiyo maana picha nyingi bora za aina hii zimepigwa kivulini, mlangoni, au jua likiwa limeshuka, ilhali mbaya zimepigwa saa saba mchana gari la watalii likingoja.

Filamu za rangi nazo ziliwahi kuwa na mchango wake katika uharibifu. Kwa miongo mingi maabara zilipanga rangi zake kwa kadi za Kodak zenye picha ya mwanamke Mzungu, zilizokuja kujulikana kwa jina la Shirley. Ngozi yake ikiwa sawa, kila kitu kilihesabiwa kuwa sawa. Ngozi nyeusi ilitoka na ukijivu, au ikawa nyekundu ya matofali. Picha nyingi za rangi za miaka ya 1950 na 1960 zina kasoro hiyo, na ukiihukumu picha ya zamani usimlaumu mpigapicha kwa dhambi ya kemia. Picha ya leo haina kisingizio. Simu zina kasoro ya kinyume: programu zake hung'arisha ngozi kwa hiari yake, mtu mweusi akatoka na rangi ya maji ya kunde.

Nyekundu ni mtego wa pekee. Shuka nyekundu, shanga nyekundu, udongo mwekundu uliochanganywa na mafuta: kamera za dijitali hushindwa na nyekundu kabla ya rangi nyingine yoyote, na mhariri akiongeza chumvi kidogo tu, shuka inakuwa doa moja lisilo na nyuzi. Tazama shuka: unaona msuko wa kitambaa, mikunjo, vumbi? Tazama udongo kwenye ngozi: mkavu unafifia, wenye mafuta mapya unang'aa, na tofauti hiyo lazima ibaki.

Kichwa kilichonyolewa nacho kina somo lake. Wanawake wa Kimaasai hunyoa, na utosi ulionyolewa hupokea mwanga kuliko sehemu nyingine yoyote ya mwili. Fundi hutumia ule mng'ao kulichora fuvu zima. Mwanafunzi huuacha uwe bonge jeupe, halafu hulifuta kwenye kompyuta, na kichwa kinabaki bapa.

Kwa Wamang'ati, wanaojiita Wadatoga, wale wa Hanang' na Ziwa Eyasi, mambo yako ngozini kabisa: alama za duara kuzunguka macho. Kwa wazee wa Kimakonde ni chale. Alama za namna hiyo zinataka mwanga wa ubavuni unaotambaa juu ya ngozi, kila uvimbe ukaangusha kivuli chake. Flashi ya mbele inazifuta zote. Ukiona picha ya bibi wa Kimang'ati yenye uso laini kama sahani, kuna mtu ametumia flashi, au ametumia brashi ya kulainisha ngozi, na huyo wa pili simsamehe.

Sasa maelezo yaliyo chini ya picha. Kuna sentensi imenakiliwa mpaka imechakaa: nyekundu ni damu na ushujaa, nyeupe ni maziwa, bluu ni mbingu. Sisemi ni uongo. Ila wanawake wanaoshona wakikaa chini ya mti wakabishana, wanabishana juu ya kupangana kwa rangi: baada ya hii inakuja ipi, wapi pakatwe, rangi gani imepitwa na wakati. Mitindo hubadilika, na Wakisongo wa upande wa Monduli hawapangi sawa na Wapurko wa Narok. Maelezo ya picha yanayosema "mama wa Kisongo, mkufu aliushona mwenyewe" yana uzito kuliko ukurasa mzima wa damu na maziwa.

Kuna picha ambayo naihukumu kwa kigezo kingine kabisa, ni ile ya binti mdogo wa Kisamburu aliyezama kwenye shanga nyekundu hadi kidevuni. Inapendwa sana na magazeti. Mwenyeji akiiona haoni urembo kwanza. Kwa desturi, moran, yaani kijana wa rika la wapiganaji, humpa binti shanga ili awe wake bila ndoa, na mabinti hao mara nyingi ni watoto. Wapo Wasamburu wenyewe, wanawake, wanaopambana desturi hiyo ikome. Wingi wa shanga shingoni mwake unaweza kuwa habari ya mambo aliyofanyiwa. Jaji anayesifia "utajiri wa rangi" kwenye picha kama hiyo bila kuuliza swali lolote hajafanya kazi yake, na mpigapicha aliyejua akanyamaza amefanya vibaya zaidi.

Baada ya hayo yote ndipo nafika usoni, na nina njia mbili za mkono. Ya kwanza: funika mapambo kwa viganja, ubakize uso peke yake. Kuna mtu? Ukikutana naye kesho Namanga amevaa kitenge na sweta utamtambua? Kama uso uliobaki ungeweza kuwa wa yeyote, ulichonacho ni picha ya shanga. Ya pili: funika uso, ubakize mapambo. Mama wa Kimaasai akitazama atajua kama huyu ameolewa, ni wa upande gani, yuko kwenye sherehe au nyumbani? Kama hajui, ulichonacho ni uso mzuri wenye rangi pembeni. Picha nzuri inafaulu yote mawili. Iliyo bora kabisa inafanya la tatu, kwamba ukiondoa viganja unaona mtu anavyoyabeba mapambo yake kwa namna yake mwenyewe: mmoja anajivuna nayo, mwingine amechoka nayo, mwingine yanamkumbusha mtu.

Jina limeandikwa? Nalitafuta, lakini jina peke yake halitoshi. Mwaka 1924 na 1925 msafara wa magari ya Citroën ulivuka Afrika, na huko kaskazini mashariki mwa Kongo Georges Specht akampiga picha Nobosudru, mwanamke wa Kimangbetu, mke wa chifu Ekibondo. Picha ni ya ubavu: kichwa kilichorefushwa tangu utoto kwa kufungwa, nywele zimefumwa zikafunguka kwa nyuma. Jina lake tunalijua, na mistari ya picha ni safi ajabu. Hata hivyo ilivyonakiliwa na kuchongwa sanamu huko Ulaya, yeye alishatoweka, kikabaki kichwa cha Kimangbetu. Ubavu kamili una hatari hiyo: unaonyesha umbo, lakini mtu hakutazami. Upande wa pili yupo Seydou Keïta wa Bamako, aliyefungua studio yake mwaka 1948. Wateja wake wengi majina yao hatunayo. Lakini wale akina mama wenye hereni za dhahabu na nywele zilizosukwa, nguo zimetandazwa zikajaa fremu nzima, walikuja kwa miguu yao, wakalipa, wakachagua mkao, na picha wakaondoka nayo. Mamlaka hayo yanaonekana kwenye mabega. Na J.D. 'Okhai Ojeikere wa Nigeria, aliyeanza mwaka 1968 kupiga mitindo ya nywele mpaka akakaribia picha 1,000, mara nyingi aliwapiga wanawake kisogoni. Zile ni picha za ususi, zinakiri hivyo, na kwa kukiri huko zinashinda nyingi zinazojiita picha za watu.

Kwa hiyo kinachopimwa ni nani alikuwa na neno pale. Malipo hayanisumbui, mama anayedai hela yake kabla ya kusimama mbele ya kamera anajua thamani ya muda wake, na Keïta naye hakupiga bure. Ninatazama urefu wa kamera: imemshukia kutoka juu, au iko usawa wa macho? Ninatazama mikono, kwa sababu mkono ulioamriwa hujulikana. Unakaa mahali ambapo mkono haukai. Ninatazama kama amecheka na mtu aliye nje ya fremu, mke mwenzake labda, anayemtania kwamba leo amekuwa mzungu. Hizo picha za kucheka majaji huzidharau. Mimi huzipandisha daraja, maana sura nzito ya kutazama upeo wa macho kwa huzuni mara nyingi ni ya mpigapicha.

Huzuni hiyo ina ukoo wake. Mwaka 1904 Curtis alishatangaza kwa picha kwamba watu wake wanatoweka. Casimir Zagourski aliuza postikadi za Kongo chini ya jina la Afrika inayotoweka, kwa Kifaransa. Kitabu cha Mirella Ricciardi cha Kenya, mwaka 1971, kinaitwa Vanishing Africa. Jimmy Nelson mwaka 2013 akatoa Before They Pass Away, chenye Wamaasai na Wasamburu ndani, na shirika la Survival International likamkosoa waziwazi. Zaidi ya miaka 100 wanatoweka, na wiki ijayo mnada wa ng'ombe Monduli utajaa kama kawaida. Picha ambayo ukiondoa neno "mwisho" kwenye kichwa chake haibaki na kitu, iache.

Kwa mnunuzi, mambo ya karatasi nayataja haraka. Turubai iepuke, msuko wake unakula shanga ndogo zote. Karatasi ya pamba isiyo na mng'ao inaifaa ngozi, ila nyeusi yake huwa nyepesi kidogo, basi itazame chini ya taa kabla ya kulipa. Shanga zenye ukingo mweupe mwembamba kuzizunguka zimenolewa kupita kiasi kwenye kompyuta. Ukubwa si sifa: picha ya sentimita 30 kwa 40 inayokuonyesha tundu la ushanga ni bora kuliko ya mita moja isiyoonyesha.

Mwisho igeuze. Nyuma ninatarajia kukuta jina la aliyepigwa, kijiji, mwaka, jina la mpigapicha, na nakala ni ya ngapi kati ya ngapi. Kikikosekana cha kwanza, muulize muuzaji kama mwenye sura alipewa nakala yake. Wengi watababaika. Akikujibu bila kusita, akakwambia na nyumba inakotundikwa, punguza ubishi wa bei.